UZI: Kafyekewa migomba 43, aliyefyeka kakiri mbele ya hakimu, na bado kaachiwa. Tuongee kesi za jinai zinazotokana na mashamba

#1 Mleta uzi

Habari za jioni wakuu.

Leo mchana nimetoka Mahakama ya Mwanzo na baba yangu mdogo. Tangu hakimu aliposoma kwamba mshtakiwa hana hatia, baba mdogo hajasema na mtu. Amekaa kwenye kigoda nje ya nyumba, kofia ameishika mkononi, chai imepoa mbele yake. Mwezi Machi migomba yake 43 ilifyekwa. Aliyefyeka anafahamika kijiji kizima, alifyeka mchana kweupe, na hata mahakamani hakukana. Alisema, "Ndiyo, nimeifyeka mimi." Akaachiwa.

Njia nzima ya kurudi watu walikuwa wanasema hakimu kala kitu. Mimi siamini hivyo, na ndiyo maana naandika usiku huu badala ya kulala. Mimi ni msaidizi wa kisheria hapa kijijini, katika utaratibu wa Sheria ya Msaada wa Kisheria ya Tanzania ya mwaka 2017. Si wakili. Lakini nimeshawasindikiza watu wengi kwenye kesi za namna hii, na naona wakianguka shimo lilelile kila mara. Wanaoumia ni wazee wetu na wajane, wanaouza mbuzi ili wapate nauli ya kwenda mahakamani mara sita, mara saba, halafu wanarudi mikono mitupu.

Kilichotokea ni hiki. Baba mdogo alikuja na muhtasari wa kikao cha kijiji kilichomgawia lile shamba. Mshtakiwa naye akatoa karatasi ya mauziano, imepigwa muhuri wa kijiji hichohicho, inaonyesha baba yake alinunua eneo lilelile. Hakimu akaziweka karatasi zote mbili mezani, moja kando ya nyingine. Akaziangalia muda mrefu. Kisha akamuuliza baba mdogo, "Mzee, nikisema huyu ameharibu mali yako, nitakuwa nimesema shamba ni la nani?" Baba mdogo akajibu, "Langu." Hakimu akasema, "Hilo ndilo ambalo kiti changu hiki, kwenye shauri hili, hakina uwezo wa kulisema."

Kesi iliishia hapo, ingawa hukumu imesomwa leo.

Sasa naomba tuelewane vizuri. Kwa sheria zetu, mashtaka ya jinai yanathibitishwa pasipo kuacha shaka, na mzigo huo ni wa upande wa mashtaka mwanzo mpaka mwisho. Mshtakiwa hana kazi ya kuthibitisha kwamba hana hatia. Anachohitaji ni kutia shaka yenye maana, basi. Kesi ya madai ya ardhi ni tofauti: huko anashinda ambaye ushahidi wake una uzito kuliko wa mwenzake. Kwa hiyo mtu mwenye ushahidi wa wastani anaweza kushinda kwenye baraza la ardhi, na kwa ushahidi huohuo akaanguka kwenye jinai.

Makosa yanayofunguliwa sana kwenye migogoro ya mashamba ni mawili. La kwanza ni kuingia kwa jinai, kifungu cha 299 cha Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16. La pili ni kuharibu mali kwa makusudi, kifungu cha 326. (Namba ninazotaja ni za toleo tulilolizoea. Tangu tarehe 1 Julai 2025 linatumika Toleo la 2023 la sheria zetu na kuna vifungu vilivyohama namba, hivyo kagua kabla hujaandika popote.)

Kuingia kwa jinai hakuthibitiki kwa kusema tu "aliingia shambani kwangu". Lazima ionekane kwamba eneo lilikuwa mikononi mwako, kwamba aliingia isivyo halali, na kwamba aliingia kwa nia ya kutenda kosa, kukutisha, kukutukana au kukuudhi. Hiyo nia ndiyo wengi wanaisahau. Mtu aliyeingia na jembe akalima kwa sababu anaamini ni shamba la babu yake, nia hiyo utaitoa wapi?

Kuharibu mali nako kuna nguzo zake: mali ni ya mtu mwingine, iliharibiwa, mshtakiwa ndiye aliyeiharibu, na alifanya kwa makusudi na isivyo halali. Kwa baba mdogo nguzo mbili za katikati zilisimama imara kwa sababu mtu alikiri. Ya kwanza ikawa haina msingi, na ya mwisho ikaanguka nayo.

Halafu kuna kifungu cha 9 cha Sura hiyohiyo, ambacho kila mwenye shamba anapaswa kukijua. Kinasema mtu hawajibiki kijinai kwa kosa linalohusu mali iwapo alitenda akitumia haki anayoamini kwa dhati kuwa ni yake, bila nia ya kulaghai. Hakidai awe sahihi. Kinadai aamini kwa dhati. Ile karatasi ya mauziano, hata kama kesho itaonekana ni batili, leo imemwokoa.

Mahakama Kuu imelisema hili miaka na miaka. Lipo kwenye HCD (mkusanyo wa muhtasari wa hukumu za Mahakama Kuu) ya 1968, shauri namba 158. Lipo TLR (vitabu vya taarifa za kesi za Tanzania) ya 1991 ukurasa wa 100. Lipo TLR ya 1992 ukurasa wa 110. (Majina ya wahusika nayaacha, ni wanakijiji kama sisi.) Ujumbe ni mmoja: mashtaka ya kuingia kwa jinai hayawezi kusimama kwenye ardhi yenye mgogoro ambao umiliki wake haujaamuliwa, na mahakama inayosikiliza jinai si mahali pa kuamua nani mwenye ardhi. Hakimu akiona ubishi wa umiliki umejitokeza, anatakiwa asiendelee na jinai, amwelekeze mlalamikaji akafungue shauri la madai.

Basi kabla hujakimbilia kituoni kuchukua RB (namba ya taarifa yako polisi), jiulize swali moja: nikiuweka kando kabisa ubishi wa shamba ni la nani, kuna kosa linalobaki? Likibaki, nenda polisi na hilo lililobaki. Lisipobaki, njia yako ni baraza.

Karibuni tuchangie. Mwenye lililomkuta aseme.

#2 Mchangiaji

Mkuu, kwa heshima zote, hapa unawapa wahuni silaha. Yaani mtu aingie kwangu, afyeke, kisha aseme "naamini ni kwangu", imekwisha? Si kila mtu atachonga karatasi? Huku kwetu muhuri wa kijiji ulikuwa unatembea mfukoni mwa mwenyekiti mpaka sokoni. Mimi nasema hakimu alipaswa kuangalia nani amekaa pale miaka mingi. Migomba 43 haioti kwa wiki moja!

#3 Mleta uzi

Ndugu yangu, hasira yako naijua, ninayo mimi mwenyewe usiku huu. Lakini kifungu cha 9 hakimlindi kila anayefungua mdomo. Imani lazima iwe ya dhati, na hakimu anaipima kwa mazingira. Je, alipewa eneo na mtu? Amewahi kulima pale? Alishawahi kulalamika kwenye kitongoji kabla ya siku ile? Alifyeka usiku kwa kujificha au mchana mbele za watu? Karatasi imepatikana juzi baada ya kukamatwa, au mashahidi wa enzi hizo bado wapo na wanaikumbuka? Mtu ambaye hana lolote kati ya hayo, utetezi wake unakuwa maneno matupu, na wapo waliotiwa hatiani hivyo.

Hoja yako ya miaka mingi ni nzito, na nimeipenda. Ila uzito wake uko kwenye baraza la ardhi. Kule, aliyekalia eneo muda mrefu bila kubughudhiwa ana cha kusimamia, na sheria ya ukomo inatoa miaka 12 ya kudai ardhi. Kwenye jinai, ukaaji ulipaswa kusemwa na mashahidi: nani alipanda, lini, nani alikuwa anavuna. Mashahidi wetu watatu wote walisema sentensi moja tu: "Shamba ni lake, tunajua." Hakuna aliyesema "nilimsaidia kuchimba mashimo ya migomba". Hakuna aliyewauliza, na wao hawakujua kwamba hilo ndilo la kusema.

#4 Mchangiaji

Nimewahi kukaa mahakamani kama mzee wa baraza, yaani mzee anayeketi na hakimu, kwa miaka kadhaa, kwa hiyo naongea nilichoshuhudia.

Kijana yuko sawa. Niongeze kwamba kesi nyingi hazifii hata kwenye umiliki. Zinafia kwenye hati ya mashtaka na midomo ya mashahidi. Hati inasema tarehe 12, shahidi anasema tarehe 21. Hati inasema mahindi ekari 2, shahidi anasema mahindi na mihogo, mwingine anasema ekari moja na nusu. Mlalamikaji anataja hasara ya milioni moja na laki nane, ukimuuliza umepataje hesabu hiyo anasema "nimekadiria". Sisi tunaokaa pale tunajiuliza, sasa tushike lipi?

Na jambo la matusi na vitisho. Shahidi anasimama anasema "alimtukana sana". Alisemaje? "Matusi makubwa." Hiyo siyo ushahidi. Maneno yenyewe yanatakiwa yaonekane kwenye hati na yatoke mdomoni mwa aliyeyasikia. Nakumbuka mama mmoja mtu mzima, ametukanwa kwenye mpaka wa shamba, lakini mahakamani wamejaa wakwe zake. Aliinama, akashika ncha ya khanga yake akaizungusha kidoleni, akasema "mheshimiwa, siwezi". Hakimu akamvumilia, akamwambia mahakama inahitaji kuyasikia kama yalivyosemwa. Mama akanyamaza kabisa. Kesi ikafa pale, na sisi wote tulijua ametukanwa kweli. Tangu siku ile nawaambia watu: mwandaeni shahidi wenu kwa lile ambalo ni zito kulitamka.

#5 Mleta uzi

Shikamoo mzee wangu. Asante sana kwa hili, maana ndilo nililotaka litoke kwa mtu aliyekaa upande ule. Naliandika kwenye daftari langu.

#6 Mchangiaji

Habari zenu. Mimi ni mjane, nina ekari 3 za mahindi. Wiki iliyopita ng'ombe wamelishwa usiku kucha, asubuhi nimekuta mabua tu. Hapa hakuna mtu anayebishania shamba, kila mtu anajua ni langu na marehemu mume wangu. Mwenye ng'ombe namjua. Polisi nimekwenda, nimepewa RB. Je, kesi hii nayo itakufa? Naomba msaada, nalea watoto wanne.

#7 Mleta uzi

Dada, pole sana. Ya kwako ni tofauti kabisa na ya baba mdogo, kwa sababu hakuna anayesema shamba ni lake. Nguzo ya kwanza unayo. Zinazobaki ni mbili, na ndizo zitakazobishaniwa: ni ng'ombe wa nani, na je, waliingizwa makusudi au walitoroka zizini?

Kuhusu ng'ombe ni wa nani, "namjua" haitoshi. Kuna mtu aliwaona wakiwa shambani? Kama waliswagwa asubuhi, kuna aliyefuata nyayo mpaka kwenye boma, na alikwenda peke yake au na mwenyekiti wa kitongoji? Kuna aliyeona chapa au alama za masikio? Kama mliwakamata ng'ombe wowote, walikabidhiwa kwa nani, na kuna maandishi ya kuwakabidhi?

Kuhusu makusudi, hapo ndipo kesi nyingi za mifugo huzama. Ng'ombe aliyekata kamba usiku akaingia kwako amekutia hasara, na fidia ya madai unaweza kudai, lakini kumtia mwenye ng'ombe hatiani kwamba alifanya makusudi ni kazi ngumu. Kinachoonyesha makusudi ni mambo kama uzio uliofunguliwa au kukatwa, nyayo za mtu pamoja na za ng'ombe, mchungaji aliyeonekana amesimama anawaangalia, au maneno aliyowahi kukuambia kabla. Kama jirani yako aliwahi kusikia akisema "nitalisha mpaka uhame", jirani huyo ni shahidi wa maana kuliko watu kumi watakaosema walikuta mabua.

Sasa hivi, kabla mvua haijafuta kila kitu, mwite afisa ugani wa kata aje kufanya tathmini. Asiandike akiwa ofisini. Aingie shambani, apime eneo lililolishwa, aseme mahindi yalikuwa yamefikia hatua gani, aandike, asaini, na awe tayari kuja kutoa ushahidi mwenyewe. Ile karatasi ya tathmini bila aliyeiandika inayumba. Mwenyekiti wa kitongoji awepo. Picha za simu piga, lakini usizifute kwenye simu hata baada ya kuzichapisha, na mpigaji ajue kwamba ataulizwa ni nani alizipiga, lini, kwa simu ipi, na zimetunzwaje tangu hapo.

Na usivune mabaki wala kulima upya sehemu hiyo mpaka tathmini iishe. Najua njaa haisubiri, lakini siku mbili hizi zina thamani.

#8 Mchangiaji (mwenye #6)

Jirani yangu aliwaona kwa tochi yake, anasema vijana wawili walikuwa na ng'ombe na mmoja anamfahamu. Ilikuwa kama saa 8 usiku. Itakubalika?

#9 Mleta uzi

Inaweza kukubalika, lakini hapo mwende taratibu. Ushahidi wa kumtambua mtu usiku ndio dhaifu kuliko wote, na Mahakama ya Rufani iliweka misimamo yake tangu 1980 (TLR ya mwaka huo, ukurasa wa 250). Hakimu atataka kujua mwanga ulikuwa wa aina gani na wa nguvu kiasi gani, umbali ulikuwa hatua ngapi, alimwangalia kwa muda gani, kulikuwa na kitu kilichomziba, na alikuwa akimfahamu kabla au ndiyo mara ya kwanza. Akisema tu "nilimwona kwa tochi", wakili atamuuliza tochi ilikuwa inammulika yule kijana usoni au ilikuwa inamulika chini. Nenda naye kesho usiku pale alipokuwa amesimama, ahesabu hatua mwenyewe. Simaanishi mumfundishe la kusema, hapana! Maanake ni akumbuke alichokiona kweli ili asibabaike.

Swali la pili ni muhimu zaidi: alilitaja jina la huyo kijana kwa nani, na lini? Mahakama ya Rufani imeshasema (TLR ya 2002, ukurasa wa 39) kwamba shahidi kumtaja mtuhumiwa mapema iwezekanavyo kunaupa nguvu ushahidi wake. Akikaa kimya siku tano ndipo jina linatokea, mahakama inashtuka. Kama alimwambia mwenyekiti asubuhi ileile, basi mwenyekiti naye ni shahidi.

#10 Mchangiaji (mwenye #6)

Jirani aliwaambia watu asubuhi hiyohiyo, kabla hata mimi sijafika shambani. Ahsante sana kaka, Mungu akubariki. Kesho namfuata bwana shamba.

#11 Mchangiaji

Mimi nina swali gumu kidogo. Kaka yangu alikatwa panga mkononi kwenye mgogoro wa mpaka. Kufika kituoni tukaambiwa "hii ni kesi ya madai, nendeni baraza la ardhi". Hivi kweli mtu akikatwa panga ni madai?

#12 Mleta uzi

Hapana, si kweli, na nasema kwa sauti. Kile kifungu cha 9 kinahusu makosa ya mali tu. Hakuna imani yoyote ya umiliki inayompa mtu ruhusa ya kumkata mwenzake mkono. Shambulio la kudhuru mwili au kujeruhi linathibitishwa bila kugusa suala la shamba ni la nani: kuna jeraha, kuna aliyejeruhi, kuna mazingira yake. Mpaka wa shamba unaingia kama sababu ya ugomvi, haingii kama nguzo ya kosa. Rudini kituoni, mwombe kuonana na mkuu wa kituo au mkuu wa upelelezi wa wilaya, mwelezeni kwamba mnalalamikia jeraha. Msianze maelezo kwa historia ya shamba tangu enzi za babu. Anzeni na panga.

PF3 (fomu ya polisi ya matibabu) ichukuliwe, ijazwe na daktari aliyemtibu, na kesi ikifika, kikishapokelewa kielelezo hicho kisomwe kwa sauti mahakamani. Inaonekana jambo dogo, lakini rufaa zimeondoa PF3 nyingi kwenye ushahidi kwa sababu ilipokelewa kisha haikusomwa, mshtakiwa hakujua kilichoandikwa. Na shati lenye damu msilifue.

Ila jiandaeni kwa utetezi mwingine. Yule mtu anaweza kusema alikuwa anajihami, kwamba kaka yako ndiye aliyeanza. Mashahidi wenu waseme nani alifika wa kwanza, nani alikuwa na silaha, na wasifiche kama kaka yako naye alikuwa na jembe mkononi. Shahidi akigundulika ameficha kitu kimoja, hata ya kweli yote aliyosema yanatiliwa shaka.

#13 Mchangiaji

Mkuu, vipi kwa sisi tulioshinda? Mama yangu alishinda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya mwaka juzi. Yule bwana hakukata rufaa. Msimu huu kaingia tena na trekta kalima kama vile hakuna kilichotokea. Tukienda polisi tutaambiwa tena ni mgogoro wa umiliki?

#14 Mleta uzi

Swali zuri sana, maana hapa ndipo jinai inapata miguu. Umiliki umeshaamuliwa na chombo chenye mamlaka, muda wa rufaa umepita, yeye alikuwa mdaawa, yaani upande mmoja wa shauri, na anajua. Ataaminije kwa dhati kwamba ni lake? Ile ngao ya kifungu cha 9 inakuwa nyembamba mno.

Lakini ngoja nikuulize: mlikazia hukumu, yaani mliomba itekelezwe? Wengi wanashinda, wanachukua nakala ya hukumu, wanaifungia kwenye sanduku, basi. Yule bwana hajawahi kuondolewa rasmi, mpaka haujawahi kuonyeshwa na dalali wa baraza (anayetekeleza amri zake), kwa hiyo akishtakiwa anasema "mimi sijatoka, niko palepale tangu zamani", au anasema "nililolima ni upande wangu, hukumu ilihusu upande ule". Na kama hukumu inasema tu "shamba lililopo kitongoji fulani" bila majirani wala vipimo, mwendesha mashtaka atapata taabu kuonyesha kwamba trekta liliingia kwenye eneo lilelile lililoamuliwa.

Kwa hiyo ombeni utekelezaji barazani. Dalali afike, viongozi wa kijiji wawepo, mipaka iwekwe, mama akabidhiwe kwa maandishi. Akirudi baada ya hapo, shtaka la kuingia kwa jinai linakuwa na mwili: hukumu ipo, makabidhiano yapo, mpaka unaonekana, aliyeshuhudia makabidhiano yupo. Adhabu ya kosa hilo kwa shamba si kubwa, ni hadi miezi mitatu (nyumba ya kuishi ni hadi mwaka mmoja), lakini akifyeka na mazao inaingia na ya kuharibu mali, ambayo inaweza kufika miaka saba.

#15 Mchangiaji (mwenye #2)

Nimesoma yote, nimetulia. Nakubali sehemu kubwa. Sasa baba mdogo wako atafanyaje? Anakata rufaa?

#16 Mleta uzi

Asante kwa kumuulizia. Rufaa inawezekana, mlalamikaji wa kesi ya Mahakama ya Mwanzo anaweza kwenda Mahakama ya Wilaya ndani ya siku 30. Nimemwambia ukweli wangu: sioni tutakachoshinda, maana kule nako watakutana na zile karatasi mbili. Na kuachiwa kwa yule mtu hakujampa shamba. Hukumu ya leo haikusema ni lake, wala haikusema si la baba mdogo. Hili nimelirudia mara tatu mpaka akainua kichwa kuniangalia, maana yeye alidhani ameshanyang'anywa. Shangazi zangu wawili nao walidhani hivyo, walishaanza kulia.

Njia iliyobaki ni ya ardhi. Tangu marekebisho ya 2021, Baraza la Kata haliamui tena, linasuluhisha. Lina siku 30. Ikishindikana linatoa hati ya kuonyesha usuluhishi umeshindikana, ndipo tunafungua shauri Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Kule tutaomba na zuio la muda ili mtu asiingie tena wakati shauri linaendelea. Ule muhtasari wa kikao tutautafutia daftari lake halisi kwenye ofisi ya kijiji, tuone kama kikao hicho kipo na kama mkutano mkuu wa kijiji ulibariki ugawaji. Waliochimba naye mashimo ya migomba ni wawili na bado wako hai, mmoja yuko kijiji cha pili. Safari hii nitawauliza mimi mwenyewe walichokiona, kabla hawajaambiwa na mtu shamba ni la nani.

Na yeye nimemzuia asipande chochote wala asimkaribie yule bwana pale mpakani. Akienda na panga kesho kwa hasira, atakayekuwa mshtakiwa ni yeye, na huko hakuna kifungu cha 9 cha kumkinga.

Kwa sasa ameingia ndani kula. Amesema kesho saa 2 asubuhi twende kata, na njiani tumpitie bwana shamba aje ahesabu yale mashina, maana mengine yameanza kuchipua na hataki mtu aje aseme hayakukatwa.

#17 Mchangiaji (mwenye #4)

Mwambie shikamoo yangu. Na muende na karatasi zote mbili, yaani yenu na ile ya mwenzake. Ombeni nakala mahakamani, imo kwenye jalada kama kielelezo. Msisubiri jalada lipelekwe masijala.

#18 Mleta uzi

Hilo sikuwa nimelifikiria, mzee wangu. Tutapitia mahakamani kwanza.